Uzi maalumu: Juliane Lorenz, mhariri wa filamu wa Kijerumani aliyekaa mezani na mwongozaji Fassbinder mpaka mwisho

Mzee wa Meza (mleta mada)

Wakuu, salaam.

Jukwaa hili lina nyuzi za waigizaji mpaka zinamwagika, na waongozaji nao hawajambo. Wahariri wa filamu je? Nimepekua, nimekuta nyuzi za kuulizia kompyuta ipi inafaa kuhariria, basi. Leo nataka tumzungumzie mtu mmoja, Juliane Lorenz wa Ujerumani, ambaye kabla hajatimiza miaka 25 alikuwa ameshamaliza kazi ambazo wahariri wengi wanastaafu bila kuzigusa.

Kazaliwa Mannheim, Agosti 1957. Mwaka 1976, yaani bado kinda kabisa, anakuwa msaidizi wa mhariri Ila von Hasperg kwenye filamu ya Chinesisches Roulette ya Rainer Werner Fassbinder. Msaidizi enzi zile si mtu wa kuleta chai tu. Ndiye anayeoanisha sauti na picha, anayeandika namba, anayetundika vipande vilivyokatwa ili vikitakiwa vipatikane, hata kama kinachotafutwa ni fremu mbili zilizoangukia chini ya meza. Mwaka uliofuata jina lake linatokea pamoja na la bosi wake kwenye Bolwieser, filamu ya televisheni ya sehemu mbili. Mwaka 1978 yumo kwenye In einem Jahr mit 13 Monden akishirikiana na Fassbinder mwenyewe. Mwaka 1979 inatoka Die Ehe der Maria Braun, na hapo dunia nzima inaanza kuangalia kazi ya mkono wake bila kumjua.

Baada ya hapo ni mfululizo: Die dritte Generation, Berlin Alexanderplatz, Lili Marleen, Lola, Die Sehnsucht der Veronika Voss, Querelle. Fassbinder akafariki Munich tarehe 10 Juni 1982, akiwa na miaka 37. Lorenz alikuwa na miaka 24.

Naendelea, acheni nivute kiti.

Kijiti cha Kiberiti

Siti ya mbele nimeshakalia. Ila mkuu, usitufanye wote tumesoma. Huyo Fassbinder ni nani hasa?

Mzee wa Meza

Haki yako. Kwa kifupi: mwongozaji wa Ujerumani Magharibi, kazaliwa 1945, ametoa filamu na tamthilia za televisheni zaidi ya 40 katika miaka 13 hivi. Alikuwa anaandika, anaongoza, anaigiza, na mara nyingine anahariri mwenyewe kwa jina la bandia, Franz Walsch. Nusu ya jina hilo ni Franz Biberkopf, mhusika wa riwaya ya Alfred Döblin aliyoipenda tangu ujana, na nusu ni Raoul Walsh, mwongozaji wa Hollywood.

Wajerumani wa kizazi chake walizilaumu filamu za wazazi wao kwa kunyamazia historia. Yeye aliichokonoa kwa hadithi za mapenzi na pesa. Pesa zenyewe za kutengenezea zilitoka sana televisheni. Tangu 1974 kulikuwa na makubaliano rasmi ya vituo vya televisheni kuchangia filamu za sinema. Ndiyo maana mhariri kama Lorenz alikuwa anatoka kwenye televisheni kwenda sinema na kurudi bila kubadilisha chumba.

Sasa Maria Braun. Mwenye kupenda mpira asikilize hapa.

Filamu inaanza vitani, Maria anafunga ndoa huku mabomu yanaanguka. Inaishia tarehe 4 Julai 1954, siku ya fainali ya Kombe la Dunia kule Bern, Ujerumani Magharibi na Hungary. Maria kawa tajiri, mumewe karudi, wamo ndani ya nyumba yao mpya. Redio imewashwa. Mtangazaji Herbert Zimmermann anatangaza mechi, na sauti yake haikatwi: inapita juu ya mazungumzo ya mume na mke, inapanda, inashuka, inawafunika. Kumbuka Hungary waliongoza 2-0 ndani ya dakika nane za mwanzo, Wajerumani wakarudisha, wakashinda 3-2. Sasa wewe mtazamaji unasikiliza kipi? Unataka kusikia wosia unaosomwa pale, ambao ndio siri ya filamu nzima, lakini sikio linavutwa na mpira. Maria anaacha gesi wazi kwenye jiko, anawasha sigara. Nyumba inalipuka. Na Zimmermann anapiga kelele kwamba mchezo umekwisha, Ujerumani ni bingwa wa dunia!

Hiyo ni kazi ya mezani. Picha zenyewe ni za kawaida: watu wawili wanazunguka ndani ya nyumba. Anayekuumiza ni sauti, na mahali ilipowekwa. Kabla ya hapo mmeshamsikia Kansela Adenauer redioni akisema Ujerumani haihitaji jeshi, halafu baadaye redio hiyohiyo inamleta akisema nchi ina haki ya kuwa na silaha. Hakuna mhusika anayemjibu. Watu wanakula tu.

Fundi Harusi wa Mbagala

Mimi ni mtu wa video za harusi na kipaimara, nauliza la kifundi. Alikuwa anakatia kwenye nini? Maana sisi leo klipu zikiwa nyingi kompyuta inaganda tunalia.

Mzee wa Meza

Swali zuri. Enzi zile Ujerumani mashine ya kawaida ilikuwa meza ya Steenbeck, kutoka Hamburg. Ni meza kweli: sahani zimelala bapa, mkanda wa picha unapita kwenye jozi moja ya sahani na mkanda wa sumaku wa sauti kwenye jozi nyingine, vyote vinaenda pamoja kwa mota, katikati kuna kioo kidogo cha kutazamia. Ukitaka kukata unasimamisha, unaweka alama kwa penseli ya nta, unakata kwa kikatio, unabandika kwa utepe mwembamba unaong'aa. Ukighairi unabandua. Unachokata ni nakala ya kazi, si negativu, yaani mkanda wenyewe uliotoka kwenye kamera. Negativu inakuja kukatwa mwishoni kwa kufuata namba za pembeni ya mkanda.

Sasa Berlin Alexanderplatz, tamthilia ya televisheni kutoka riwaya ileile ya Döblin, ilipigwa kwa mkanda wa milimita 16. Kwa kasi ya televisheni ya Ulaya, fremu 25 kwa sekunde, dakika moja inakula mita 11 na ushee za mkanda. Sehemu 13 na epilogi, yaani sehemu ya kufungia, ni saa 15 hivi. Zidisha mwenyewe: bidhaa iliyokamilika tu ni zaidi ya kilomita 10 za mkanda wa picha, na sauti nayo kilomita 10 zake, bado hujaweka mabaki. Vyote vinashikwa kwa vidole. Faili haligandi, ila ukilipoteza limepotea.

Fundi Harusi wa Mbagala

Kilomita 10!! Naondoa malalamiko yangu.

Jicho la Tatu

Mada nzuri lakini naomba nipinge kidogo, mkuu usinune. Fassbinder alikuwa anapiga shoti moja, akirudia sana mara mbili. Filamu alikuwa nayo kichwani kabla kamera haijawashwa. Na wewe mwenyewe umesema alihariri kwa jina la Franz Walsch, jina hilo limo hata kwenye Querelle ya mwisho kabisa pamoja na la Lorenz. Sasa mhariri anachagua nini kama hakuna cha kuchagua? Amepewa matofali yaliyopimwa, anajenga ukuta aliochorewa. Mimi naona tunampa sifa za mwenye nyumba.

Mzee wa Meza

Sinuni, hoja yako ndiyo niliyoingojea.

Kwamba shoti zilikuwa chache ni kweli. Lakini umehesabu kazi ya mhariri kama kazi ya kuchagua picha tu. Mimi nasema kwa Fassbinder, kwa sababu picha zilikuwa chache, kazi ilihamia kwenye vitu viwili: muda na sauti. Shoti moja ndefu unaikata sekunde ya ngapi? Ukiiacha sekunde tatu zaidi mtu anageuka kuwa mpumbavu, ukiipunguza anabaki na siri. Na sauti inaanza lini kuingia kabla ya picha yake?

Tazama 13 Monden. Kuna sini ya machinjioni Frankfurt. Ng'ombe wanachinjwa kwelikweli, kamera inaangalia hatua kwa hatua, na juu yake sauti ya Elvira, mhusika mkuu, inasimulia maisha yake, inazidi kupanda mpaka inakuwa kama mashairi ya jukwaani. Machinjio peke yake yangekuwa taarifa ya habari. Simulizi peke yake ingekuwa malalamiko. Zimewekwa juu ya nyingine kwa namna ambayo huwezi kuangalia wala kuacha.

Halafu piga hesabu ya kalenda. Berlin Alexanderplatz ilipigwa kuanzia Juni 1979 mpaka Aprili 1980, siku 154, wakati mpango ulikuwa zaidi ya siku 190. Mwisho wa kiangazi 1980 ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Venice. Oktoba ikaanza kurushwa na televisheni ya umma, ARD. Saa 15! Haiwezekani mwongozaji aliye kazini na waigizaji kila siku ndiye aliyekaa mezani. Aliyekaa mezani ni binti wa miaka 22.

Jicho la Tatu

Kukaa mezani nakubali. Kuamua je?

Mzee wa Meza

Nikupe mfano mmoja ukautazame mwenyewe. Franz Biberkopf, anayechezwa na Günter Lamprecht, anatoka gerezani Tegel alikofungwa kwa kumuua mpenzi wake Ida. Mauaji yale unayaona mapema. Kisha unayaona tena. Na tena, katika sehemu nyingine, picha zilezile: chumba kilekile, mwenye nyumba mlangoni, Ida anaanguka. Kinachobadilika ni maneno yanayosomwa juu yake na Fassbinder mwenyewe, mara maelezo makavu kama ya kitabu cha fizikia, mara jambo lisilohusiana kabisa. Mara ya kwanza unashtuka. Mara ya tatu unaanza kuchoka, na unajishangaa kwamba umechoka na kifo cha mtu. Ukishafika kwa Mieze, mpenzi wa Franz wa baadaye, na Reinhold anayemuua, unajua mwili wa mwanamke unaangukaje katika hadithi hii, hofu inatangulia mbele ya picha.

Kurudia huko huwezi kukupima kwenye karatasi. Lazima uone sehemu nzima inavyopita, urudishe, ukate, upitishe tena. Kama wazo ni la mmoja, kipimo kimepatikana kwa wawili. Zaidi ya hapo sitadai.

Jicho la Tatu

Hapo kwenye kipimo nimekuelewa. Bado nashikilia asilimia yangu lakini nimeipunguza.

Dada wa Köln

Habarini wadau. Niko Ujerumani mwaka wa kumi na ushee sasa, nimefurahi kukuta uzi huu kwa Kiswahili, acheni niongeze chumvi.

Mnapobishana nani aliamua, angalieni na majina ya waliokuwa wanakaa kwenye meza hizo. Kabla ya Lorenz, filamu nyingi za Fassbinder za miaka ya sabini zilihaririwa na Thea Eymèsz, ikiwemo Angst essen Seele auf. Akaja Ila von Hasperg. Upande wa mwongozaji mwingine, Werner Herzog, Aguirre na Kaspar Hauser ni kazi ya Beate Mainka-Jellinghaus, ambaye pia alifanya na Alexander Kluge. Wanawake mstari mzima. Mabwana walikuwa kwenye mabango, mahojiano na zulia, akina mama kwenye chumba cha giza wakishika mkanda. Kazi ikionekana ya uvumilivu na vidole, inaitwa ya kike, na ikishaitwa ya kike, watu wanadhani haina akili ndani yake. Jicho la Tatu usichukulie vibaya, lakini hoja ya kwamba mhariri ni "mkono tu" ina historia yake hapa.

Halafu mleta mada umesimama 1982 kana kwamba na yeye alizikwa siku ile. Alifanya sana kazi na mwongozaji Werner Schroeter. Der Rosenkönig, kisha Malina ya 1991, kutoka riwaya ya Ingeborg Bachmann, skripti ya Elfriede Jelinek, mwigizaji Isabelle Huppert. Kwa Malina alipata tuzo ya filamu ya Ujerumani upande wa uhariri. Schroeter ni kinyume cha Fassbinder: hana haraka na hadithi, anafuata muziki, sini inakatika pale pumzi ya mwimbaji inapokatika. Mhariri aliyefundwa na mtu mmoja tu asingeweza kuhamia kwa yule. Hiyo kwangu ni hoja kubwa kuliko Ida na kilomita za mkanda.

Mzee wa Meza

Dada umemaliza. Malina nilikuwa naihifadhia sehemu ya pili, umenipora, na umeieleza vizuri kunizidi.

Kijiti cha Kiberiti

Jicho la Tatu yuko wapi, mbona kimya? 😂

Jicho la Tatu

Nipo, nasoma. Dada kanipata.

Mzee wa Meza

Basi niende kwenye nusu nyingine ya maisha yake ambayo ndiyo yenye ubishi zaidi. Mama yake Fassbinder, Liselotte Eder, alianzisha taasisi ya kulinda kazi za mwanawe mwaka 1986. Tangu 1992 anayeiongoza ni Lorenz. Kwa hiyo mhariri kawa mlinzi wa ghala: haki, nakala, maonyesho, usafishaji wa filamu. Mwaka 1997 filamu zote zikaonyeshwa Museum of Modern Art, New York. Februari 2007 Berlin Alexanderplatz iliyosafishwa ikaonyeshwa kwenye tamasha la Berlin. Baadaye zikafuata kazi za televisheni zilizokuwa zimesahaulika, Welt am Draht ya 1973 ikarudi mwaka 2010 na Acht Stunden sind kein Tag mwaka 2017, ambazo yeye hata hakuzihariri.

Ubishi ni huu. Mwaka 1980 Berlin Alexanderplatz iliporushwa, malalamiko makubwa ya watazamaji nyumbani yalikuwa giza. Picha ilikuwa nyeusi, televisheni za siku zile hazikuweza kuonyesha vivuli vile, watu waliona kama wanasikiliza redio yenye mwanga wa taa kwa mbali. Kwenye usafishaji wa 2007, mpiga picha wake Xaver Schwarzenberger akasimamia rangi, na picha ikatoka yenye mwanga zaidi. Wengine wakashangilia: jamani kumbe nyuma ya Franz kulikuwa na ukuta! Wengine, wakiwemo watu waliowahi kufanya kazi na marehemu, wakapigana kwenye magazeti mwaka huohuo, kuhusu mwanga na kuhusu jinsi urithi wake unavyoshikwa.

Jicho la Tatu

Hapa sasa narudi na nguvu. Kama mwenyewe alitaka giza, giza libaki. Mtu akifa huwezi kumwashia taa.

Dada wa Köln

Lakini aliyewasha taa ndiye aliyeizima mwanzo. Schwarzenberger ndiye aliyepiga. Negativu ina habari ambayo mkanda wa televisheni wa 1980 haukuwahi kuibeba. Sasa uaminifu ni kwa negativu au kwa kile shangazi yake mtu alichokiona sebuleni?

Jicho la Tatu

Kwa kile mwongozaji alichokikubali kirushwe. Aliona, akasaini, kikarushwa.

Mzee wa Meza

Mimi niko katikati na sina haya kusema. Nimeona ya 2007 tu, na ninaipenda: soko, chumba cha Franz, ile taa nyekundu ya tangazo inayowaka na kuzima dirishani. Lakini Jicho la Tatu ana kitu. Mhariri aliye hai ana uwezo ambao hakuwa nao mwongozaji akiwa hai, wa kuamua filamu ya mwaka 1980 ionekaneje leo. Ni madaraka makubwa. Ningependelea nakala zote mbili zipatikane, ile ya giza na hii, mtu achague mwenyewe.

Fundi Harusi wa Mbagala

Mimi mwanga siujui sana, nauliza kama fundi: kwenye filamu hizi nijifunze nini kesho nikiwa kazini?

Mzee wa Meza

Tazama Veronika Voss, ni nyeusi na nyeupe, ilipata Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Berlin, mwaka 1982. Angalia wanavyohama kutoka sini moja kwenda nyingine. Picha mpya inaifuta ya zamani, mara kutoka pembeni, mara kwa umbo jingine, mbwembwe zilezile ambazo wewe una kitufe chake kwenye programu na wateja wanazipenda. Tofauti ni kwamba pale zina kazi: Veronika ni nyota wa sinema za zamani aliyefifia, anaishi kwa morfini, na filamu inamsimulia kwa mtindo wa zama zake alizong'ara. Ukijua kwa nini umeweka mbwembwe, weka. Hujui, kata kavu.

Na mpira wa Maria Braun. Harusi zako zina MC anayepiga kelele mwanzo mwisho. Usimzime moja kwa moja. Mruhusu apite chini ya picha ya mama wa bibi harusi akiwa peke yake jikoni.

Fundi Harusi wa Mbagala

Hii ya MC naiiba leoleo.

Kijiti cha Kiberiti

Nimehamasika, nataka kuanza wikiendi. Nianze na ipi? Kuna jamaa kaniambia niruke moja kwa moja kwenye epilogi ya Alexanderplatz, eti ndiyo kali kuliko zote.

Dada wa Köln

Huyo jamaa si rafiki yako.

Mzee wa Meza

Anza na Maria Braun, weka spika za masikioni. Kisha Lola na Veronika Voss, zinakamilisha utatu wake kuhusu Ujerumani Magharibi baada ya vita, na zote tatu zimepita mikononi mwa Lorenz. Ndipo uingie Alexanderplatz, sehemu ya kwanza siku moja peke yake maana ina dakika 80 na kitu, zingine ni saa moja moja, mbili kwa usiku zinatosha. Epilogi iache mwisho kabisa. Hadithi ni ya Berlin ya miaka ya ishirini, halafu ghafla Kraftwerk na Janis Joplin, wanamuziki wa miaka ya sitini na sabini, wanaingia kwenye ndoto ya Franz. Ukianzia hapo utadhani faili lako limechanganyika na la mtu mwingine, utarudi huku kutushtaki.